Jina Lililopigiwa Chafya

Mjukuu wangu alitoka hospitalini Bomet akiwa na jina tayari. Ariella. Mwanangu Kipkirui alinitumia picha kwa simu, mtoto amefungwa blanketi la waridi, na chini yake jina limeandikwa kwa herufi zenye maua. Nikampigia nikamwuliza, Ariella ni nani katika ukoo wetu? Akacheka, akasema si mtu, ni jina tu. Nikamwambia hapa Boito hatuna jina tu. Hata ng'ombe wetu mwenye pembe moja tulimpa jina kwa sababu.

Sikugombana naye zaidi. Mke wake Janefer ni binti wa Kisii, anauza dawa katika duka moja pale Bomet, na ni msichana mwenye adabu. Niliomba kitu kimoja: mtoto aletwe nyumbani afanyiwe kurenet.

Kurenet ni jambo letu sisi Wakipsigis. Mtoto hazaliwi peke yake. Kuna mzee wetu aliyekufa ambaye ameamua kurudi naye, na kazi ya wanawake ni kujua ni nani. Tunakaa na mtoto mapajani, tunataja majina ya marehemu wa nyumba ile moja baada ya jingine, na ugoro kidogo unasogezwa karibu na pua. Jina ambalo mtoto atalipigia chafya, huyo ndiye amekuja. Tunapiga vigelegele, tunakunywa mursik, maziwa yetu ya kibuyuni, na kuanzia siku hiyo mtoto ana mtu wa kumlinda.

Siku hizi wengi hawafanyi. Wengine wanasema ni dhambi, wengine wanasema hawana nafasi, na wengi zaidi hawayajui majina ya kutaja. Ukimwuliza kijana wa leo babu ya babu yake aliitwa nani, anaangalia simu yake kama kwamba jibu limo humo. Sisi si watu wengi. Tukiacha kuwaita wazee wetu, sijui watarudi kwa nani. Wachina wana watu wao wa kutosha.

Janefer alikubali kwa sharti moja. Alisema, "Mama, fanyeni yote, lakini ugoro hapana. Mapafu ya mtoto ni laini kama karatasi."

Nikamwuliza chafya itatoka wapi bila ugoro. Akasema nyumba yetu ina vumbi, tungoje tu. Hapo nilimpenda, ingawa alikuwa amenitukana.

Kwa hiyo siku ikapangwa. Mimi nilikuwa na furaha, ila kulikuwa na jina moja ambalo sikutaka litajwe katika nyumba yangu. Jina la mama wa mume wangu. Alikuwa amekufa miaka michache iliyopita, na kwa maoni yangu alikuwa bado hajapumzika vya kutosha.

Mwanamke yule alizaliwa upande wa Kericho, kabla kampuni ya chai haijapanua shamba lake. Baba yake alikuwa na ng'ombe wengi. Shamba lilipopanuliwa, wao wakahamishwa, na alipokuwa msichana mkubwa alirudi palepale kuchuma majani ya mzungu. Alichuma akiwa na kikapu mgongoni na hasira kifuani. Watu waliofanya kazi naye walinisimulia kwamba msimamizi akisimama katikati ya mistari kumkemea, yeye alimwambia, "Sogea. Umesimama mahali ng'ombe wa baba yangu alipozalia." Msimamizi mgeni alisogea kweli, akitafuta ng'ombe.

Alikuwa mchumaji hodari. Vidole vyake vilijua majani mawili na chipukizi bila macho kusaidia, na mdomo wake ulikuwa huru wakati wote kusengenya. Kampuni zilipoanza kuleta mashine za kuchuma, alikuwa ameshastaafu zamani. Hata hivyo alivaa viatu vyake vya kanisani, akaenda mpaka kwenye ua wa shamba kuitazama. Alisimama pale asubuhi nzima. Aliporudi nilimwuliza ameionaje. Akasema inachuma kama mbuzi anavyokula, majani mazuri na mabaya pamoja, halafu haisalimii mtu.

Kusalimiana kulikuwa dini yake ya pili. Kipkirui alimnunulia simu, naye akaiweka ndani ya kibuyu cha mursik ambacho kilikuwa kimeanza kupasuka mdomoni, kwa sababu kitu cha thamani hukaa kibuyuni. Simu ikanuka moshi mpaka siku alipokufa. Ukimpigia, hakukuacha useme shida yako. Ilibidi umsalimie, umwulize ng'ombe, mvua, majirani, na yeye akuulize vilevile, mpaka pesa ya simu inaisha kabla hujafika kwenye habari. Mara moja mume wangu alimpigia kumwambia amepata ajali ndogo ya pikipiki. Walifika kwenye salamu za mbuzi, simu ikakatika. Tulisikia habari ya ajali kutoka kwa mtu mwingine, akiwa ameshapona.

Nikisimulia hivi watu hucheka, wanasema alikuwa bibi mzuri sana. Ndiyo. Alikuwa mzuri kwa kila mtu ambaye hakuolewa na mwanawe.

Mimi natoka Merigi. Nilipoingia katika boma lile nilikuwa msichana ambaye hakusoma hata darasa moja; kuandika huku nimejifunza ukubwani, kanisani. Aliniita "huyu wa Merigi" hata mbele ya wageni. Kama kibuyu hakikusuguliwa vizuri, alisema huko Merigi wanasugua vibuyu kwa macho. Kama mursik imekuwa chachu kupita kiasi, huko Merigi wana matumbo ya chuma. Nilivumilia, kwa sababu mama mkwe ni mama mkwe kila mahali, na kwa kweli ni yeye aliyenifundisha kuchoma kijiti cha mti wa senetwet na kukisugua ndani ya kibuyu mpaka maziwa yatoke rangi ya majivu na harufu yake nzuri. Hata leo mursik yangu ni yake. Watu wakiisifu huwa nanyamaza.

Kisha nikapanda chai. Nyuma ya nyumba palikuwa na kichaka, na mume wangu Mathew alikuwa safarini na lori muda wote. Nilikata kichaka kile mwenyewe. Nilichimba mashimo wakati wa mvua, Kipkirui mgongoni, matope mpaka magotini, nikapanda mche mmoja mmoja. Nilingoja miaka mpaka ikakomaa. Ilipoanza kutoa majani ya kuuza, Mathew akaja na mwanamke kutoka Kericho, Dolphine, mwenye kucha nyekundu.

Mama mkwe aliita kikao. Mbele ya wazee alisema Dolphine ni mgeni na mgeni hapewi kichaka, kwa hiyo atapewa chai iliyo nyuma ya nyumba. Mimi ningehamia kipande cha chini karibu na mto, ambapo mvua ya mawe hupiga kwanza. Nilisimama nikasema chai ile niliipanda mimi, kila mtu alipita njiani akaniona. Mathew aliangalia viatu vyake. Mama mkwe ndiye aliyejibu.

"Chai haijui nani aliipanda," alisema.

Wazee wakaitikia kwa vichwa kana kwamba amesoma Biblia. Hakuna hata mmoja aliyesema ni mimi niliyeipanda. Kwa miaka yote iliyofuata sikusikia mtu akisema hivyo. Nilihama na masufuria yangu, na kila nilipopita pale nikaona kijakazi wa Dolphine akichuma majani yangu. Baadaye Dolphine alichoka na matope, akarudi Kericho na Mathew akamfuata, lakini chai ikabaki kwa jina lake, na mpaka leo anatuma watu kuja kuchuma.

Nimewaza mara nyingi kwamba mwanamke aliyenyang'anywa malisho ya baba yake angejua uchungu wa jambo hilo. Labda alijua. Labda ndiyo sababu alijua pa kupiga.

Basi, siku chache kabla ya kurenet nilimwita jikoni Senge Chemutai. Senge ni shangazi upande wa baba; huyu ni dada yake Mathew na ndiye angeongoza kutaja majina. Chemutai si mtu mbaya. Nilimpa chai ya maziwa matupu, nikamwambia ataje wote anaowataka, lakini mama yake asimwamshe.

Alicheka mpaka akaweka kikombe chini. Akaniambia, "Nitamruka kwa ajili yako, Mama Kipkirui. Lakini unakumbuka kwamba yule hajawahi kurukwa na mtu."

Nikamkumbusha habari ya mjukuu wa Dolphine kule Kericho. Binti wa Dolphine alipojifungua, walifanya kurenet na ugoro wa kweli, jina la kwanza kabisa likawa la mama mkwe, wakalirudia mpaka wakachoka. Mtoto hakupiga chafya. Alilala. Wakampa jina la shangazi mmoja wa mbali ambaye hakuna aliyemkumbuka vizuri. Habari hiyo iliponifikia nilikaanga mayai. Chemutai akasema kama amekataa kule, basi labda ameamua kubaki alipo. Nilitumaini hivyo.

Siku yenyewe ilikuwa Jumamosi. Mchungaji wetu alipita mapema, akanywa chai haraka na kuondoka kabla hajaona chochote, ili asiwe na cha kukataza. Tulikaa sebuleni, televisheni tumeifunika kitambaa cha kufuma. Majirani wawili walikuja na vibuyu vyao. Mama yake Janefer, Elmina, alifika kutoka Kisii na mkungu wa ndizi ambao Kipkirui alilazimika kuubeba kama jeneza. Elmina ni mwanamke mnene wa kicheko, na hakuna jambo analoona bila kuuliza. Alisema kwao wao huchagua marehemu na kumpa mtoto jina lake, bila kumngoja aliyekufa apige kura.

Kipkirui alishika simu arekodi. Janefer alikaa karibu na mlango, macho kwenye mikono yetu, akihakikisha hakuna ugoro. Chemutai alikuwa na kikopo chake mfukoni, na kwa kuwa alikatazwa kumpa mtoto, alijipa mwenyewe. Mtoto alikuwa mapajani kwangu, macho wazi, ananitazama kama mtu aliyekuja kununua kitu na bado anafikiri.

Chemutai akaanza. Alitaja bibi yake mzaa baba. Mtoto akapiga miayo. Akataja dada wa bibi, yule aliyekuwa mganga wa mifupa. Kimya. Akataja wake wa wajomba, akataja msichana aliyekufa kwa ndui zamani, na majirani wakasaidia pale alipokwama. Lilikuwa jambo la kupendeza kuwasikia. Majina mengine mimi sijawahi kuyasikia, na nilimwona Kipkirui akisogeza midomo, akijaribu kuyashika. Mtoto hakupiga chafya hata moja.

Majina ya wanawake yalipokwisha, Chemutai akaingia kwa wanaume, akisema roho haichagui nguo. Alipofika kwa babu mmoja mkali ambaye ujanani alikwenda Kisii na wenzake na kurudi na ng'ombe ambao hawakununuliwa, chafya kubwa ikalia sebuleni.

Haikuwa ya mtoto. Ilikuwa ya Elmina, aliyekuwa amekaa karibu na kikopo cha Chemutai.

Tulicheka mpaka jirani mmoja akashika ubavu. Chemutai akamwambia babu amerudi kwa wenyewe. Elmina akapangusa pua na leso, akasema, "Kama ni yeye, mwambieni ng'ombe wetu walikuwa na ndama."

Hata Janefer alicheka. Lakini baada ya kicheko nyumba ikanyamaza, na nikajua kwa nini. Wanawake wote mle ndani walijua ni nani hajatajwa. Majirani walikuwa wanaangalia vibuyu vyao. Chemutai aliangalia dari. Hakuna aliyetaka kuniaibisha nyumbani kwangu, na mimi nilikuwa tayari kusema tumpe mtoto jina la yule mganga wa mifupa, twende tukale.

Elmina hakujua lolote. Aliniuliza kwa upole, "Na mama mkwe wako, dada, yeye aliitwaje? Sijasikia akitajwa."

Nilikuwa na njia ya kutoroka. Kwetu mke hatamki jina la mama mkwe wake. Maisha yangu yote sikuwahi kulitia kinywani. Nilimwita Kogo, yaani bibi, kama watoto walivyomwita. Ningeweza kusema mila hainiruhusu, na Chemutai angejifanya amesahau. Nilimtazama Chemutai. Akanitazama bila kusaidia upande wowote.

Nikafikiri, kwa Dolphine alikataa na ugoro juu. Kwangu mimi, ambaye alinifukuza, atakuja kufanya nini? Nitaje tu, mtoto alale, mambo yaishe, na nisisikie tena mtu akiniuliza. Kama kuna wa kumfungia mlango, afadhali niwe mimi mwenyewe.

Nikainama juu ya mtoto na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nikasema, "Tapkigen."

Jina hilo maana yake ni yule aliyengojewa. Mimi sikuwahi kumngoja.

Mtoto akakunja pua. Akafumba macho, akavuta pumzi kama mtu mzima, akapiga chafya. Kisha, kwa kuwa yule mwanamke hakujua kufanya jambo mara moja tu, akapiga ya pili.

Vigelegele vilipasua paa. Majirani walisimama, Chemutai alikuwa analia na kucheka, Elmina alipiga vigelegele vya Kisii juu ya vyetu. Kipkirui alisahau simu, na mpaka leo rekodi hiyo inaonyesha tu viatu na sakafu. Mimi nilikaa palepale na mama mkwe wangu mapajani. Alikuwa mwepesi kama paka. Alikuwa amelowesha sketi yangu.

Chemutai alikuja akapiga magoti mbele yangu. Nilidhani atanitania. Lakini alisema polepole, ili kila mtu asikie, "Walimwita Kericho, hakwenda. Amekuja kwa mlango wako. Mtu harudi mahali ambapo hana deni la maneno."

Nilimwangalia mtoto na yeye alinitazama kwa macho meusi bila hatia yoyote, na sikuona mahali pa kushika hasira yangu. Nilijaribu. Ilikuwa kama kushika sabuni.

Kipkirui alikuwa ameshampigia baba yake kumpa habari. Akaniletea simu, akasema baba anataka kunipongeza. Nilikuwa sijaongea na Mathew kwa muda mrefu. Nikaiweka simu sikioni, na sauti yake ikaanza kwa haraka, pongezi, Mungu ni mwema, yuko safarini.

Nikamwambia, "Mathew, kwanza msalimie mama yako. Yuko hapa mapajani kwangu."

Kwetu mtoto aliyechukua jina la mzazi wako, wewe unamwita mama, na unamheshimu hivyo. Mathew anajua. Nilisogeza simu karibu na mtoto na kila mtu akasogea kusikiliza. Ile sauti ya mwanaume mkubwa, dereva wa malori, ikasema kwa unyenyekevu, "Chamgei, mama."

Mtoto akatoa sauti kidogo, kama mluzi. Nikairudisha simu kwangu. Nikamwuliza kuhusu mvua ya Kericho. Nikamwuliza ng'ombe, majirani, afya ya Dolphine, na yeye akajibu vyote, akiogopa. Nadhani alishajua maswali yangu yanaelekea wapi. Niliposikia amechoka, nikasema, "Mama yako ana swali. Anauliza chai iliyo nyuma ya nyumba ilipandwa na nani."

Sebule nzima ilikuwa inamsikiliza. Nilisikia lori likinguruma upande wake, kisha akalizima.

"Ulipanda wewe," akasema.

Chai haikurudi kwangu siku ile, na pengine haitarudi. Watu wa Dolphine walikuja kuchuma wiki iliyofuata kama kawaida. Tofauti ni kwamba nilisimama kwenye ua na mtoto, nikamwonyesha mistari yote kwa kidole, na wale wachumaji wakanisalimia kwanza. Kwenye cheti cha serikali mjukuu wangu ni Ariella. Nyumbani ni Tapkigen, na Janefer amejifunza kulitamka vizuri kuliko mwanangu. Akiwa mkubwa atauliza Tapkigen alikuwa nani. Wengine watamwambia habari ya simu kibuyuni. Hizi zangu nimeziandika ili apate zote.

Lakini hayo ni ya baadaye. Jumamosi ile nilikuwa bado na simu sikioni, wanawake wamenizunguka, na mtoto akitafuta kunyonya kidole changu. Nikamwambia Mathew arudie na apaze sauti, kwa sababu mama yake ana masikio madogo sana.

Akarudia.